Al-Jabarti: Mwanachuoni Aliyeuliza Mla Jana Kala Nini

Wahenga walisema mla ni mla leo, mla jana kala nini? Methali hii twaitumia kumkejeli mtu ajisifuye kwa neema iliyokwisha pita. Lakini palikuwa na mwanachuoni mmoja katika mji wa Cairo, nchi ya Misri, ambaye swali hilo hakulichukua kuwa ni kejeli, bali alilitafutia jibu. Mla jana alikula nini? Alikinunua kwa kiasi gani? Ngano ilipoadimika alikimbilia wapi, na kodi zilipomzidi alimlilia nani? Hayo aliyaandika mwaka baada ya mwaka hadi yakajaza majalada manne makubwa.

Mwanachuoni huyo ni Sheikh Abdurrahman bin Hasan al-Jabarti, aliyezaliwa mwaka wa 1753 na kufariki mwaka wa 1825. Wengi wamjuao humjua kwa sababu ya Napoleon Bonaparte, kwani aliyaona kwa macho yake majeshi ya Ufaransa yakiingia Cairo mwaka wa 1798, akayaeleza kwa ufasaha kuliko mwenyeji mwingine yeyote. Leo tungependa kumtazama kwa upande mwingine, nao ni hamu yake ya kutaka kujua habari za watu wasiokuwa na cheo wala jina.

ASILI YAKE

Jina lake ni jina la nchi. Jabart ilikuwa sehemu ya Waislamu iliyo karibu na bandari ya Zeila, katika Pembe ya Afrika, kwenye bahari ile ile ambayo majahazi yetu ya pwani yameizoea tangu zamani. Mmoja wa mababu zake alitoka huko, akavuka bahari hadi Makka na Madina, kisha akafika Cairo akawa mkuu wa Riwaki ya Wajabarti katika msikiti wa al-Azhar. Riwaki ni mahali panapotengewa wanafunzi wa nchi moja wapate kulala, kula na kusoma. Ukuu huo ukabaki katika ukoo wao, baba akimrithisha mwana.

Baba yake, Sheikh Hasan, alikuwa bingwa wa hisabati na elimu ya falaki, tena mtu mwenye mali, nyumba na vitabu vingi. Alijua kutengeneza vipimo vya kujulia saa kwa kivuli cha jua, na alipoona kwamba mizani za masokoni zimeingia kasoro, aliwaita mafundi akawafundisha namna ya kuzirekebisha. Basi huyu kijana alilelewa katika nyumba ambayo mwanachuoni hakuona haya kukaa na fundi wa mizani wakazungumza kazi.

Lakini nyumba hiyo ilikuwa pia nyumba ya misiba. Sheikh Hasan alizaa watoto zaidi ya arubaini, na wote walikufa wadogo isipokuwa Abdurrahman peke yake. Mtu aliyekua akiwasikia nduguze wakitajwa na wala hawapo, si ajabu kwamba baadaye alishughulika sana na kuandika majina ya waliokufa ili yasipotee.

KABURI HADI KABURI

Kazi yake ilianza kwa kuombwa. Cairo alikuwako Sheikh Murtadha al-Zabidi, mzaliwa wa Bara Hindi aliyekulia Yemen, mwenye kamusi kubwa ya Kiarabu iitwayo Taj al-Arus. Sheikh huyu alimtaka al-Jabarti amsaidie kukusanya wasifu wa watu mashuhuri wa karne ya kumi na mbili ya Hijra. Al-Jabarti akaikubali kazi, na jinsi alivyoifanya ndivyo inavyotuonyesha tabia yake. Hakuketi akanakili vitabu vya wengine. Alikwenda makaburini akasoma tarehe zilizochongwa mawe ya vichwani. Aliwaendea jamaa za marehemu akawaomba hati na ijaza zao. Aliwauliza wazee, akatazama madaftari ya makarani.

Mwaka wa 1791 uliingia ugonjwa wa tauni uliowaua maelfu, na Sheikh al-Zabidi akawa miongoni mwa waliokufa. Hapo al-Jabarti akapokea barua kutoka Damascus, kwa Mufti al-Muradi, ikimwomba karatasi za marehemu. Ndipo alipojua kwamba kazi yote ilikuwa imeanzishwa na Mufti huyo. Haukupita muda Mufti naye akafariki mwaka huo huo. Waliomtuma wote wawili walikuwa chini ya udongo. Akaziweka karatasi zake kando kwa muda, kisha akazirudia, na safari hii hakuna aliyemtuma. Katika dibaji ya kitabu chake kikubwa, kiitwacho Ajaib al-Athar, alisema wazi kwamba hakuandika kwa ajili ya mwenye cheo, wala kumtii waziri au amiri.

Tena alikuwa na desturi ya kutokuandika jambo mpaka alithibitishe kwa watu wengi. Lililokuwa bado lina shaka alilitia katika kipande cha karatasi mbali, likangoja wakati wake. Wale waliozoea kusikia jambo barazani asubuhi na kulitangaza kabla ya adhuhuri, na wamtazame huyu.

MBUZI WA SAYYIDA NAFISA

Wanatarikhi wa zama zake waliandika vita, vyeo na vifo vya wakubwa. Hayo al-Jabarti aliyaandika pia, kwani aliona kwa kirefu jinsi maamiri wa Kimamluki walivyochinjana kwa ajili ya utawala. Lakini katikati ya hayo hutupenyezea vichekesho na vilio vya mitaani ambavyo mwingine angeviona havistahili wino.

Alitueleza, kwa mfano, juu ya mwaka wa 1735, alipokuwa yeye bado hajazaliwa, ambapo uvumi ulienea Cairo kwamba Kiama kitakuja siku ya Ijumaa iliyotajwa. Watu wakaagana, wakatoka mashambani kutembea kwa mara ya mwisho, wengine wakatubu na kuswali. Ijumaa ikaja ikapita, Jumamosi ikapambazuka kama kawaida. Walipoulizwa, walijibu kwamba mawalii wakubwa wa Misri wamewaombea kwa Mungu wakaongezewa muda.

Akatueleza pia kisa cha mbuzi wa kaburi la Sayyida Nafisa, cha mwaka wa 1760 hivi. Watumishi wa kaburi, wakiongozwa na sheikh wao, walitangaza kwamba wana mbuzi wa miujiza. Mbuzi huyo, kwa madai yao, hali majani. Hula lozi na fustuki na kunywa maji ya waridi na sukari. Basi wanawake wa mjini wakamiminika na zawadi, wakamfanyia mbuzi mikufu ya dhahabu. Amiri mmoja, Abdurrahman Katkhuda, akamwalika sheikh aje na mbuzi nyumbani kwake wapate baraka. Sheikh akaja juu ya nyumbu, mbuzi kampakata, ngoma na matari mbele. Mbuzi akapelekwa ndani kwa wanawake kwa ziara. Kumbe amepelekwa jikoni. Chakula kikaletwa, sheikh akala nyama akaisifu kwa unono wake. Alipomaliza akamtaka mbuzi wake waondoke, akaambiwa mbuzi yumo tumboni mwake. Kisha akarudishwa kwao, ngozi ya mbuzi imezungushwa juu ya kilemba, na matari yale yale yakimtangulia.

Msomaji atacheka, na al-Jabarti bila shaka alicheka. Lakini ndani ya kisa hicho tumeonyeshwa mambo ambayo hati za serikali haziyaonyeshi: namna watu walivyotafuta faraja, na wepesi wa wajanja kuigeuza faraja hiyo kuwa biashara.

Si vichekesho pekee. Njaa ilipoingia mwaka wa 1784, mto wa Nile ulipokosa kupanda inavyotakiwa, aliwaandika wakulima waliohama vijiji vyao wakaingia Cairo na wake na watoto, wakiokota maganda ya matikiti njiani na kugombania mizoga ya punda. Hakuna sultani aliyetajwa katika ukurasa huo. Waliotajwa ni wenye njaa.

WAFARANSA NA WILBARO

Wafaransa walipokaribia Cairo mwezi wa Julai 1798, al-Jabarti aliandika habari ya majeshi, na pia akaandika kwamba bei ya punda ilipanda kwa sababu kila mtu alitaka kukimbia, na waliokimbia wakaporwa nje ya mji na mabedui. Na Wafaransa walipokwisha kaa, alikwenda kuwatazama. Aliwachukia kwa kuivamia nchi na kwa upungufu wa dini aliouona kwao; aliikosoa hata sarufi ya Kiarabu ya tangazo la Bonaparte, kosa moja moja. Hata hivyo chuki haikumfumba macho. Aliingia katika maktaba yao si mara moja, akastaajabu kuona askari wa vyeo vya chini wameketi wanasoma. Akawakuta wengine wamehifadhi sehemu za Qasida ya Burda, ile ile tunayoisoma sisi katika hafla zetu.

Lakini kilichomvuta zaidi ni jambo dogo la kazini. Wafaransa walipokuwa wakitengeneza barabara na kubomoa majengo, waliwapa wachukuzi wilbaro, gari dogo lenye gurudumu moja mbele na mikono miwili nyuma, ambalo mtu mmoja hulijaza udongo, akalisukuma na kulimwaga bila ya taabu. Alilieleza gari hilo kwa uangalifu kama mtu anayetaka fundi alisomaye aweze kuliunda. Akaongeza kwamba wafanyakazi hawakukamatwa kwa nguvu, bali walilipwa zaidi ya ujira wa kawaida, na baada ya adhuhuri waliachiliwa kwenda zao. Mwandishi gani mwingine wa wakati ule, katika vita vilivyotikisa dunia, alisimama kando ya njia akamtazama mchukuzi wa udongo, akauliza analipwa kiasi gani na anafungua saa ngapi?

Mwaka wa 1801 Wafaransa walipoondoka, alitunga kitabu cha kuwalaani akakitunuku kwa waziri mkuu wa Kituruki. Alipoyarudia mambo hayo katika Ajaib al-Athar, aliipunguza lawama na kuyabakisha yale mazuri aliyoyaona. Insafu ilimjia kwa kukua, na hiyo ni sifa ya mwanachuoni wa kweli.

MUUZA MBOGA NA PASHA

Hapa yafaa tusimsingizie wema asiokuwa nao. Al-Jabarti hakuwa mpenzi wa umati. Alikuwa mtu wa ukoo, mwenye ardhi na kipato, na katika dibaji yake aliwapanga wanadamu kwa madaraja, mitume juu, ulamaa chini yao, wafalme wakafuata, na watu wa kawaida wakaja baada ya hao. Mara nyingi aliwaita watu wa mitaani kwa majina ya dharau, na machafuko yao yalimkera. Lakini alikuwa na kalamu iliyomshinda mwenyewe. Alichokiona alikiandika, hata kama kilipingana na kiburi cha tabaka lake.

Jambo hilo ladhihirika katika habari za mwaka wa 1805. Gavana wa Kituruki, Khurshid Pasha, aliwaelemea watu kwa kodi, na askari wake wakapora majumba. Mwezi wa Mei, ulamaa wakiongozwa na Sayyid Umar Makram, pamoja na mafundi na wachuuzi, walimkataa gavana huyo na kumtaka Muhammad Ali, mkubwa wa askari wa Kialbania, awe mtawala badala yake. Khurshid akajifungia katika ngome juu ya mlima, na mji ukamzingira.

Ni nani waliomzingira? Al-Jabarti anatuambia. Maskini aliuza nguo zake, au akakopa, apate kununua silaha. Na kwenye mtaa wa Rumayla, chini ya ngome, aliyesimama mbele ya watu alikuwa Hajjaj al-Khudari, mkuu wa chama cha wauza mboga, mtu aliyejulikana kwa ushujaa wake. Umar Makram alikuwa sharifu, na jina lake lingebaki hata kama al-Jabarti hangaliandika. Lakini muuza mboga hana karani. Bila ya huyu mwanachuoni mwenye kuwadharau wachuuzi, leo tusingalijua kwamba Hajjaj al-Khudari aliwahi kuishi.

SHUKRANI YA PUNDA

Waswahili tuna neno, shukrani ya punda ni mateke. Muhammad Ali alipokwisha kaa kitini, mwaka wa 1809 alimhamisha Umar Makram akampeleka Damietta. Mwezi wa Machi 1811 aliwaalika Wamamluki ngomeni kwa sherehe, akawafungia milango na kuwaua. Mwaka wa 1817 Hajjaj al-Khudari naye akanyongwa. Ardhi za wakfu zikaguswa, na kila kilichofumwa, toka hariri mpaka nguo hafifu, kikawa lazima kiuzwe kwa serikali kwa bei iliyowekwa na serikali.

Ulimwengu umemsifu Muhammad Ali kuwa ndiye aliyeijenga Misri ya kisasa, kwa viwanda, majeshi na mifereji, na sifa hizo zina ukweli wake. Katika mifereji hiyo mkubwa ni ule wa Mahmudiya, uliochimbwa kuanzia mwaka wa 1817 hadi 1820 kuunganisha mto wa Nile na Iskandaria. Hapo al-Jabarti alisimama tena kando ya njia akamtazama mchukuzi wa udongo. Lakini mara hii hapakuwa na ujira wa kuzidi, wala kufungua kazi adhuhuri. Aliandika kwamba wakulima walikusanywa vijijini wakafungwa kamba, wakapelekwa kwa mashua. Msimu wa kupanda mtama, ambao ndio riziki yao, ukawapita wakiwa mferejini. Wengi walikufa kwa baridi na uchovu, na aliyeanguka alifukiwa kwa ule ule udongo uliochimbwa.

Msomaji akiziweka kurasa hizi mbili pamoja, ule wa wilbaro na ule wa kamba, ataona kwa nini mtawala hakumpenda mwandishi huyu. Wasifuji walihesabu urefu wa mfereji. Al-Jabarti alihesabu kilichowapotea wachimbaji. Tena aliyefanya ubaya huu alikuwa Mwislamu mwenziwe, na yule aliyelipa ujira alikuwa adui. Aliyaandika yote mawili kama yalivyokuwa.

MSIBA WA MWISHO

Kitabu chake chakoma katika habari za mwaka wa 1821. Mwaka uliofuata mwanawe Khalil aliuawa usiku akirudi kutoka upande wa Shubra, lilipokuwa kasri la Pasha. Wengi waliuhusisha mkono wa wakubwa na mauaji hayo, ingawa hapana aliyehukumiwa. Mzee aliyekuwa amebaki peke yake kati ya watoto zaidi ya arubaini wa baba yake, akawa sasa anamzika mwanawe. Yasemekana alilia hata macho yakapofuka. Jambo la hakika ni kwamba kalamu aliiweka chini, na miaka mitatu baadaye akafariki.

Kitabu chake kilizuiliwa kisichapishwe. Hata hivyo kilinakiliwa kwa mkono, nakala zikapita kutoka nyumba hadi nyumba. Mwingereza Edward Lane, aliyefika Misri mwaka wa 1825, alikisoma na kukitumia katika kazi zake. Hatimaye mwaka wa 1880 majalada yote manne yalipigwa chapa mjini Bulaq, katika kiwanda cha chapa kilichoanzishwa na Muhammad Ali mwenyewe, na aliyekuwa akitawala wakati huo ni kitukuu chake. Mitambo ya Pasha ndiyo iliyotangaza maovu ya Pasha.

Wanatarikhi wa leo watakao kujua bei za ngano za Cairo, vyama vya mafundi wake, tauni zake na njaa zake, hawana budi kubisha mlango kwa al-Jabarti. Majemadari wanapatikana pengine. Mla maganda ya matikiti hapatikani ila kwake.

Sisi wa pwani nasi tunazo tarikhi za kale, za Pate na za Mombasa, na tunazishukuru. Lakini ndani yake tunamjua sultani aliyemfuata sultani, na vita vilivyofuata vita. Nahodha, mshona kofia na mwanamke msusi wa mikeka tunawajua kidogo sana. Hao wangali hai katika kumbukumbu za wazee wetu, na wengine majina yao yangali katika mawe ya makaburi yanayoliwa na chumvi ya bahari. Kazi ya kuwauliza wazee hao na kuyasoma mawe hayo haihitaji amri ya serikali wala fedha nyingi. Al-Jabarti aliifanya kwa miguu yake, akiwa na vipande vya karatasi. Mwenyezi Mungu amrehemu.